Zindiko Likikugeuka: Dalili, Chanzo na Namna ya Kulizima

Mwongozo huu ni wa Dodoma ile ya hadithi, ambako kuta husikia, mibuyu hukumbuka, na sentensi iliyoandikwa kwa wino uliotulia hutenda kama ilivyoandikwa. Ni wa fundi anayeanza kazi, na wa mwenye nyumba ambaye zindiko lake, yaani maandishi ya kinga ya nyumba, limemgeuka saa nane usiku na fundi wake yuko Manyoni. Hauhusu aya wala dua. Hizo zina wenyewe. Hapa tunazungumzia maandishi ya kazi: zindiko la mlango, hirizi ya safari, kago (kinga) la shamba, jina la kanga, kibao cha duka.

Tuseme mapema kwamba jini anasingiziwa sana. Nyumba ikianza kugonga, mtu wa kwanza kutajwa ni jini, wa pili ni jirani, wa tatu ni mke mwenza. Sarufi haitajwi na mtu. Maandishi hayana kinyongo na hayakumbuki ulikusudia nini. Yanasoma herufi zilizopo, basi. Herufi zikipungua, yanafanya pungufu. Zikiongezeka, yanafanya na nyongeza.

Kabla hujagusa ukuta

Ukifika nyumba ya watu, piga hodi, salimia (Mbukwenyi ukiwa Mvumi au Chamwino, shikamoo popote pale), kisha uweke mikono mfukoni. Hasara nyingi hutokea dakika tano za mwanzo, pale mtu mwenye hofu anapochukua dekio na kuanza kusugua. Usifute. Usisome kwa sauti, hata kwa kunong'ona. Kama kuna mgonjwa ndani mwenye homa, apelekwe kupima malaria kwanza. Zindiko litasubiri, homa haisubiri.

Washa tochi, iegemeze ukutani ili mwanga ulale juu ya udongo badala ya kuupiga usoni. Mwanga wa kulala huonesha herufi zilizofifia, mikwaruzo na maandishi ya zamani yaliyopakwa chokaa. Nakili unachokiona kwenye karatasi, herufi moja moja, ukiacha upana wa kidole kati ya herufi na herufi. Zikiachana kiasi hicho hazisikiani, na karatasi yako haitafanya kitu.

Sasa pima kama maandishi yako hai. Wapiga marimba wa Kigogo hubandika utando wa buibui kwenye tundu la sanduku la marimba, na ndio unaotoa ule mvumo kama wa nyuki. Fundi hutumia kanuni hiyohiyo: chukua kopo tupu la maziwa, toboa ubavuni tundu la ukubwa wa punje ya hindi, bandika utando mweupe wa mayai ya buibui, kisha lishike shubiri moja kutoka ukutani. Likivuma mfululizo, maandishi ni mazima na yanafanya kazi, ila huenda si kazi uliyoitaka. Likivuma na kukatika, kuna herufi imetoka au imeingia. Likinyamaza kabisa, maandishi yamekufa na shida yako iko kwingine: panya, bomba, au kweli huyo jirani.

Zindiko linafanya kinyume cha lilivyoambiwa

Ndiyo dalili inayoletwa zaidi, hasa Aprili mvua zinapoelekea kuisha. Nyumba iliyokaa salama mwaka mzima inaibiwa mara tatu ndani ya wiki moja, na kila mwizi anaingia kwa mlango wa mbele kama aliyealikwa.

Na kweli amealikwa. Tazama ukutani: *Wezi wasiingie.* Mvua ya Dodoma ni chache, milimita 550 hadi 600 kwa mwaka, lakini huja kwa mafuriko na hupiga kutoka upande mmoja. Paa la tembe linadondosha maji mahali palepale kila siku. Tone likiangukia katikati ya neno kwa miezi minne, linatoa silabi moja. Ikitoka *si*, ukuta unasema: *Wezi waingie.* Utii wa ukuta huo haupungui hata kidogo.

Ndugu yake ni irabu *u*. Dukani pameandikwa *Fungua riziki*. Bega la wateja linasugua ukuta pale kwenye kaunta, *u* inakwenda, panabaki *Funga riziki*. Dalili zake ni za pole pole: wateja wanafika hadi barazani, wanakumbuka kitu, wanageuka. Kabla ya kulaumu husuda, angalia kama duka limeandikwa kwa kitenzi cha aina hii. Hatari ni ileile kwa ziba na zibua, tega na tegua, panga na pangua.

Tiba ya haraka ni kuirudishia herufi yake kwa wino uleule, mchana, mlango ukiwa wazi. Tiba ya kudumu ni kuacha kabisa kuandika katazo kwenye ukuta wa nje. Andika *Wezi wakae mbali.* Sentensi hiyo ikipoteza herufi yoyote inakuwa upuuzi, na upuuzi haufungui mlango. Kanuni tunayowapa wanafunzi: futa kwa kidole, akilini, kila silabi kwa zamu, uone kinachobaki. Kama kuna silabi ambayo ikitoka sentensi inageuka adui, badili sentensi.

Linamlinda asiyehusika, au mtaa mzima haulali

Mwizi amekamatwa na fimbo hazimpati. Zinampita kama upepo. Chungulia juu ya mlango: *Nakulinda.* Sasa, *ku* ni nani? Ni yeyote anayesoma. Mwizi aliyesoma shule akaingia kwa kusimama kidogo na kutazama juu amekwishalindwa, na atalindwa hadi atakapovuka maji. Mwenye nyumba, ambaye amezoea mlango wake na hasomi tena, hana ulinzi wowote. Usiandike *ku* mahali pa wazi. Taja mlengwa kwa jina, au kwa kitu ambacho ni chake peke yake.

Kesi ngumu zaidi ni ya *Mlinde mtoto.* Mwandishi alimaanisha: ewe zindiko, umlinde huyu mtoto. Lakini *mlinde* ni pia amri kwa watu wengi: ninyi nyote, mlinde. Wenye sarufi kali watasema ilipaswa iwe *mmlinde*. Ukuta hausomi kwa ukali huo. Matokeo yake, kila mtu aliyepita njia hiyo mchana anaamka saa sita usiku, anavaa viatu, anakuja kusimama nje ya nyumba akitazama dirisha la mtoto. Hawasemi neno. Alfajiri wanarudi makwao, na asubuhi hawakumbuki ila miguu inauma. Mtaa ukiwa na wapita njia wengi, kama ule wa kuelekea soko la Majengo, utakuta watu hamsini barazani, na mama wa mtoto ndani anatetemeka akidhani ni wanga.

Hapa usifute. Ukifuta usiku, walinzi wale wataamkia walipo na utakuwa na maelezo marefu ya kutoa. Subiri mchana, ongeza maneno mawili mbele: *Ewe ukuta, mlinde mtoto.* Nafsi imekuwa moja, mlengwa mmoja. Usiku huohuo wataonekana wawili watatu, waliopita kabla hujasahihisha. Wape maji, waache.

Msafiri harudi

Fupi, lakini madereva wa njia ya Mtera wasome mara mbili. Kitenzi chenye asili ya Kiarabu hakibadiliki mwisho wake hata kikikanushwa. *Hurudi salama* kwa aliyeandika ni mazoea: huyu kila mara hurudi. Kwa gari linalosoma upya kila asubuhi, *hurudi* ni wewe, na wewe hurudi. Dalili: gari zima kabisa linazima njiani kila safari ya kurudi, kamwe si ya kwenda, na fundi makanika hapati kosa. Maneno mengine ya mtego huo ni husafiri, hufaulu, hufikiri, husamehe. Andika *Atarudi salama* au *Na arudi salama.* Hirizi iliyokwisha kushonwa isifunguliwe barabarani. Mwache abiria mwenye mdomo safi aseme "atarudi" mara moja kila kituo hadi nyumbani.

Kuna mtu mlangoni haingii wala haondoki

Anaonekana pembeni mwa jicho, urefu wa mtu mzima, kichwa kikigusa kizingiti. Kuku wanazunguka mbali na mlango. Nyunyiza unga wa uwele mahali pale jioni, kiasi cha viganja viwili. Asubuhi utakuta nyayo zenye vidole bila visigino. Huyo ni mtu aliyeandikwa nusu.

Chanzo ni *-nge-* isiyokuwa na mwenzake. Fundi alianza *Mwizi angeingia*, akafika kwenye fremu ya mlango, nafasi ikamwishia, akaona inatosha. Haitoshi. *Angeingia* inaita jibu, na mwizi huyo wa kudhaniwa amesimama pale akisubiri kuambiwa kingetokea nini. Hana ubaya. Ila amechoka, na uchovu wake unaingia ndani: maziwa yanakataa kuganda, usingizi unakatika kila baada ya nusu saa, watu wanaanza maneno wasiyamalize.

Malizia sentensi. Zungusha andiko kuteremka pembeni mwa fremu, herufi ziwe na ukubwa uleule: *angeshindwa.* Kisha nukta. Kivuli kitashindwa mbele yako, kwa kweli kitajaribu kuingia na kuanguka kifudifudi, na unga utaruka. Usicheke.

Lakini angalia sana usichanganye *-nge-* na *-ngali-*. Ukiandika *Mwizi angeingia, angalishindwa*, umemweka mguu mmoja leo na mmoja zamani. Utaanza kukuta kwenye unga nyayo za jana, ambazo jana hazikuwepo. Tatizo hili halina tiba ya nyumbani. Mpigieni fundi, na mlango huo usitumike.

Upepo unauliza kodi

Mji una kuta zilizojaa maneno ya watu. *Nyumba hii haiuzwi. Usikojoe hapa. Fundi pikipiki. Vyumba vinapangishwa, ulizia ndani.* Maandishi hayo ni baridi, hayana nguvu yoyote, mpaka uandike zindiko karibu yake bila nukta.

Zindiko: *Upepo mbaya upite*
Pembeni, shubiri mbili, rangi ya mwenye nyumba: *Vyumba vinapangishwa, ulizia ndani.*

Usiku wa tatu hivi, mlango unabishwa kwa adabu, na sauti kavu kama ya majani ya mhindi inauliza: "Chumba shilingi ngapi?" Ukijibu bei umepangisha. Ukinyamaza itarudi kesho. Jibu sahihi ni kusema kimejaa, kisha asubuhi uweke nukta baada ya *upite*, nukta nzito, upana wa ukucha wa kidole gumba, ikauke juani. Mafundi wazuri huweka nukta kwanza. Wanapima sentensi, wanatia nukta mahali itakapoishia, kisha ndipo wanarudi mwanzo kuandika kuielekea. Hata wakidondoka ngazini katikati ya kazi, maneno yana pa kukomea.

Nyoka wamehamia

Kago la shamba au la uani limeandikwa *Nyoka wahame.* Linafanya kazi mwaka mzima. Kisha kiangazi kinakuja, udongo wa ukuta unapasuka, na ufa mmoja mwembamba unashuka wima kati ya *m* na *e*. Inzi anaacha alama yake juu ya ufa. Ukitazama kwa jicho la ukuta, hiyo ni herufi *i* yenye nukta yake: *Nyoka wahamie.* Wamehamia.

Kwa sababu hiyo ukaguzi wa Agosti haurukwi. Pitia kila andiko la nje, tazama nyufa, njia za mchwa na vinyesi vya inzi, hasa kwenye vitenzi ambavyo *i* moja inavigeuza: hama na hamia, piga na pigia. Ziba ufa kwa udongo wa kichuguu uliolowekwa usiku mmoja na kukandwa na majani makavu yaliyokatwa. Hupasuka kidogo kuliko udongo wa mbugani, ambao ukikauka hufunguka kama mdomo. Nyoka wenyewe waondoke kwa hiari yao. Baada ya kuziba watatoka jioni, kwa mstari. Acheni njia wazi, watoto wawe ndani.

Wino, maji na majira

Kama kopo linavuma na kukatika lakini herufi zote zipo, lawama ni ya wino. Kipimo kinachostahimili hewa ya Dodoma ni hiki: masizi ya kibatari vijiko viwili vya chai, gundi ya mgunga iliyosagwa kijiko kimoja, maji ya mvua vijiko sita, asali matone matatu. Loweka gundi usiku kucha, ichuje kwa kitambaa cha pamba, kisha saga masizi ndani yake juu ya jiwe laini kwa muda wa saa moja. Usifupishe kusaga. Masizi yasiyosagika hukaa kama punje, na kila punje inasema peke yake.

Gundi ikizidi, wino unang'aa vizuri siku ya kwanza, na Julai unapasuka vigae na kudondoka. Ikipungua, unabaki unga, unatoka kwa kidole. Asali ni ya kuzuia wino usikauke kupita kiasi, na ya Manyoni au Itigi inafaa sana, ila yakizidi matone matatu sisimizi watakuja kula herufi. Nao hawali kwa mpangilio. Kuna zindiko linaweza kuliwa likawa tusi.

Maji ndiyo mtego mkubwa. Ya visima vingi vya huku ni magumu, na mengine yana chumvi ya kuonjeka. Maji ya chumvi yakikauka ukutani, chumvi inasukumwa nje, inaota manyoya meupe, inabandua wino. Tena chumvi hukata nguvu, kwa hiyo herufi zilizolowana nayo zinasema na kunyamaza, zinasema na kunyamaza. Kuchemsha hakusaidii, unapunguza maji, chumvi inabaki palepale na inazidi kukolea. Kinga maji ya mvua Januari, dumu moja la lita tano, lifunge, liweke kivulini. Linatosha kazi ya mwaka.

Kuandika nje kunafaa kuanzia Mei, mvua zikiisha, ukuta uliokandikwa upya ukiwa umekauka wiki tatu.

Maandishi ya miambani

Vilima vya mawe vinavutia, na wengi hudhani jiwe ni la milele. Granaiti ya huku huungua mchana na kupoa usiku, ikajimenya ngozi kama kitunguu. Andiko lako litabanduka na gamba lake na kuviringika hadi kwa mtu wa bondeni, likiwa na maneno mawili tu kati ya sita. Kama lazima uandike jiweni, andika chini ya mwamba ulioinama, mahali ambapo mvua haifiki.

Michoro ya Kolo, Kondoa, imedumu kwa sababu hiyo hasa. Mapango na vibanda vya miamba vyenye michoro ni zaidi ya 150, na mwaka 2006 eneo liliingizwa kwenye Urithi wa Dunia wa UNESCO. Fundi hakaribii pale na kalamu. Hakuna cha kuongeza. Kuna cha kujifunza, hata hivyo: mahali pengine rangi nyeupe imechorwa juu ya nyekundu ya zamani, na zote mbili zinaonekana. Maandishi ya nguvu nayo yako hivyo. La juu halifuti la chini. Ukikuta nyumba ambayo milango inafunguka na kujifunga kwa zamu, robo saa kwa robo saa, lalisha mwanga ukutani. Utaona *fungua* ya babu chini ya *funga* ya mjukuu, chokaa katikati.

Kwa herufi za Kiarabu

Hirizi nyingi za zamani zimeandikwa Kiswahili kwa hati ya Kiarabu, na nyingine hazina alama za irabu. Kafu mbili bila irabu zinaweza kuwa kaka, kuku, kiko au koko. Ukikuta familia ambayo kaka mkubwa anaugua kila mwaka ilhali kuku wao hawafi kideri, hawaibwi, na kicheche akiwaona anakimbia, huhitaji uchunguzi mwingine. Tia irabu. Hakikisha pia sauti za *mb*, *nd* na *ng*, kwa sababu waandishi wa kale walizoea kuiacha ile *m* au *n* ya mbele, msomaji ajazie. Binadamu hujazia. Hirizi haijazii.

Kanga

Kanga ina jina, na jina ni maandishi. *Sina ugomvi na jirani* ni kanga ya heri. Ifunge kiunoni ukikunja ncha ya kushoto kwa ndani, *Sina* imezama, na unatembea mtaani umeandikwa *ugomvi na jirani*. Kabla ya jua kutua mtakuwa mmegombana kuhusu mifereji. Kunja kwa kulia, au pindo lote lionekane. Na doti isikatwe kati ya mama na mgeni ambaye hana nia ya kurudi.

Mwandishi anapoteza maneno

Hili linampata fundi mwenyewe. Chanzo ni kulamba kalamu. Mate yakiingia kwenye wino, andiko linakunywa kutoka kwako badala ya kutoka kwenye kidau, nalo lina kiu.

Hupotea kwa ngeli. Inaanza ya KI-VI: fundi anataka kisu, anashindwa kukitaja, anakionesha kwa kidole. Kiti, kijiko, kitabu, kikombe, vyote vinakuwa "hiyo kitu", na ukisikia mtu aliyekuwa na Kiswahili fasaha anasema *hiyo kitu* badala ya *hicho kitu*, mnyang'anye kalamu saa hiyohiyo. Ikifuata M-MI, mti na mkate na mlango vimekwenda, na ataanza kukosea njia kwa sababu hana jina la kitu chochote cha kukumbukia kona. Ya mwisho ni A-WA. Hapo anawatazama watoto wake na kujua kwamba anawapenda, lakini hana namna ya kuwaita.

Akiwa hatua ya kwanza, atapona. Kalamu izikwe ndani ya mtama mkavu, siku moja kwa kila herufi ya andiko la mwisho alilolamba. Kila asubuhi mtu wa nyumbani ampe kitu mkononi na kukitaja kwa sentensi yenye upatanisho kamili: "Kisu hiki kikali kimeanguka." Yeye arudie. Upatanisho ndio dawa. Ukimpa neno tupu halishiki. Vitu saba kwa siku, visizidi. Hatua ya pili huchukua msimu mzima. Ya tatu, zindiko lenyewe lizimwe kwanza, ndipo maneno yarudi, na hayarudi yote.

Kulizima

Ukishajua kosa na kuona halisahihishiki, lizime hivi. Fanya mchana, upepo ukiwa umetulia, watu wawili.

Anza na herufi ya mwisho, rudi nyuma hadi ya kwanza. Nukta ndiyo inayotoka mwisho kabisa, baada ya herufi zote. Ukianzia mbele utapita kwenye sentensi za ajabu njiani, na kila moja itatenda: *Wasiingie* ikikatwa kichwa ni *siingie*, *ingie*, na hapo kuna kitu kinaweza kuitikia. Tumia kitambaa cha pamba kilicholowa maji ya mvua, lita moja kwa mstari mmoja, mwenzako akikinga maji yanayotiririka kwa sufuria. Ukiingiliwa katikati ya kazi, usiondoke. Weka nukta mpya ya mkaa ulipofika, kisha ndipo uitikie simu.

Maji ya sufuria usiyamwage kwenye karo, yatatoka na maneno yake kwa jirani. Usiyamwage korongoni pia, hata kama ni pakavu, kwa sababu watu huchimba mchanga wa makorongo kupata maji ya kunywa. Yapeleke kwenye kichuguu kilichohamwa. Inasimuliwa kwamba mji huu ulipata jina kwa tembo aliyedidimia kwenye matope, idodomya, na ardhi yake bado inajua kumeza. Maji yakinywewa kabla hujahesabu ishirini, kazi imekwisha. Yakituama, kuna herufi imebaki ukutani. Rudi na tochi.

Picha kwa fundi

Siku hizi mtu hupiga picha ya zindiko na kulituma kwenye kundi la familia akiuliza "hili limekosewa wapi?" Kila simu iliyofunguliwa ni msomaji mpya. Andiko la *Mlinde mtoto* likitumwa kwa watu mia mbili, utapokea watu mia mbili usiku, wengine kutoka Singida kwa bodaboda. Ukilazimika kupiga picha, piga mara mbili, nusu ya sentensi kila moja, utume kwa mtu mmoja, na ile herufi ya mlengwa uifunike kwa kidole gumba.